Kwa nini nyota moja ya Kilimia ipotee ndani ya sinia la Jumba la Ukingo, kisha irudi usiku mmoja tu?

Ukingoni (Nakuru)
Salaam wanajukwaa. Wanaofuata hadithi yangu wanajua tulipofika. Wageni nawapa kwa ufupi.

Jumba la Ukingo liko kwenye mdomo wa kreta kubwa, katika nchi ya Sirimbi. Halina darubini. Katikati ya ukumbi usio na paa pana sinia la obsidiani, lile jiwe jeusi la volkano, limejazwa maji ya ziwani. Walinzi saba hawatazami juu, wanainamia sinia. Uchawi wake ni mmoja: angani tunaona mwanga wa zamani, lakini siniani nyota inaonekana ilivyo leo. Mwanga wa Kilimia, lile kundi dogo la nyota, husafiri miaka 440 hivi ndipo utufikie. Siniani hakuna kungoja.

Sura ya 9, usiku wa manane mwezi wa Novemba, mlinzi mdogo anahesabu Kilimia siniani anapata nyota tano. Anainua uso, angani zipo sita kamili. Nilikusudia msomaji aelewe kwamba moja imekwisha kufa na habari zake hazijatufikia. Sasa sura ya 14, usiku wa kwanza wa masika, saa sita, ile nyota inarudi siniani, inakaa hadi alfajiri, inatoweka tena. Hadithi yenyewe ilinivuta huko na siifuti. Lakini nyota iliyokufa hairudi, na wenzangu tunaosoma pamoja hapa mjini wamenikalia kooni. Nipeni maelezo yanayosimama. Msiniambie "ni uchawi, basi". Uchawi usio na kanuni haumtii mtu hofu.

Mwalimu_Maseno
Asante kwa uzi. Nyota haikufa. Ina mwenzake asiyeonekana, wanazungukana, na mwenzake akipita mbele inafifia. Hili si la kubuni. Nyota inayoitwa Algol hufifia kila baada ya siku 2 na saa 21 hivi kwa sababu hiyohiyo, na mtu huiona kwa macho matupu akiwa na subira. Mpe nyota yako mwenzake mwenye mzunguko mrefu, umemaliza.

Dada_wa_Kondele
Mwalimu, Algol hufifia kwa saa chache halafu inarudi katika mwangaza wake wa kawaida. Ya Ukingoni ni kinyume: haipo miezi mitano, ipo usiku mmoja. Huyo mwenzake ni mkubwa kiasi gani, afunike karibu wakati wote?

Mimi naona vumbi. Mwaka 2019 kuelekea 2020 nyota ya Betelgeuse ilififia hadi watu wakaanza kusema inakaribia kulipuka. Haikulipuka. Ilitoa wingu la vumbi lake yenyewe likaizuia, kisha ikang'aa tena. Nyota ya sura ya 9 imejifunika, na usiku wa masika pazia lilitoboka.

Mvuvi_wa_Dunga
Dada, Betelgeuse haikutoweka kabisa. Hata ilipofifia zaidi tuliiona vizuri kutoka ziwani. Vumbi linapunguza, halifuti.

Fundi_Saa (Lanet)
Wakuu, mnajadili nyota kabla ya kujadili sinia. Jana usiku nilifanya jaribio. Nilichukua karai la bati, nikapaka masizi ndani liwe jeusi, nikajaza maji, nikaliweka uani juu ya tofali. Stima ilikuwa imepotea mtaa mzima, kwa hiyo giza lilikuwa la kutosha. Kilimia hapa kwetu hupita juu sana ila kwa kuinama kidogo upande wa kaskazini, hivyo lazima usimame kusini mwa karai ndipo mwanga wake ukurudie machoni.

Nyota angavu ya Sirius niliiona ndani ya karai, inatetemeka. Kila lori likipita barabara kuu maji yanachezacheza na nyota inachanika vipande viwili, vitatu, kisha inajikusanya. Ukuta wa karai ulikuwa na ukingo uliopinda, na pale maji yalipogusa bati palitokea mstari mwembamba wa nuru ambao mtu asiye makini angeuita nyota. Nikatafuta Kilimia. Hakuna hata moja.

Sababu yake ni nyepesi. Maji yakitazamwa kutoka juu hurudisha asilimia 2 tu hivi ya mwanga unaoangukia. Nyingine yote inazama. Nyota angavu inavumilia hasara hiyo, nyota za Kilimia hazivumilii. Kwa hiyo sinia la Ukingoni si kioo tu, lina nguvu inayokuza mwanga. Nguvu hiyo ikipungua kidogo, inayopotea kwanza ni nyota dhaifu kuliko zote. Ndiyo ya sita. Usiku wa masika nguvu ilipanda, ikaonekana. Swali lako si la nyota, ni la nguvu: inatoka wapi, na nani anaivuta?

Ukingoni
Fundi, hilo la asilimia 2 linaingia kwenye sura ya 15 moja kwa moja. Ahsante sana. Lakini siniani haikufifia. Alfajiri ya masika inatoweka kwa ghafla, wakati zile tano hazijabadilika hata kidogo.

Jiwe_la_Ilesi (Kakamega)
Mulembe wote. Mimi nauliza maji. Ukingoni umesema "maji ya ziwani" mara moja tu ukapita. Nani anayapandisha ukingoni? Yanabadilishwa lini? Sisi tumekulia karibu na jiwe la Ilesi, pale barabara ya Kisumu kwenda Kakamega, maji yanateremka usoni pake na kila mzee ana maelezo yake. Kwa hadithi kama hii chanzo cha maji ndicho roho ya kila kitu. Kama maji ya Novemba yalikuwa ya ziwani na ya masika yalikuwa ya mvua iliyojaa siniani ukumbi ukiwa hauna paa, basi ni maji mawili tofauti. Kila maji na kumbukumbu yake.

Mvuvi_wa_Dunga
Hapo umenena, omera. Ziwa letu la Victoria lina tabia yake. Mchana upepo unatoka majini kwenda nchi kavu, usiku unageuka, unatoka nchi kavu kila upande unakutana katikati ya ziwa. Ndiyo maana ngurumo kubwa za ziwani ni za usiku, na sisi wavuvi wa omena, wale dagaa wa ziwani, tunajua kusoma wingu kabla ya kuwasha taa. Maji yaliyozoea mawingu ya usiku hayana imani na nyota. Mvua ya juu ya kreta haijui hayo.

Mwanabao
Mnasema obsidiani kama kitu cha kufikirika, na iko hapa hapa. Nendeni Hyrax Hill, nje kidogo ya Nakuru. Mary Leakey alichimba pale 1937 na 1938, na zana za obsidiani za watu wa kale zilipatikana. Nyingine zaidi ziko Eburru. Na kuna kitu kingine Hyrax Hill ambacho Ukingoni ungekitumia: mashimo ya bao yaliyochongwa kwenye mwamba wenyewe. Nilikaa juu ya lile jiwe nikaweka kidole ndani ya shimo moja, kingo zake zimelainika kwa mikono ya watu. Fikiria walinzi wanahesabu nyota kwa kete. Kila nyota shimo lake. Mtu akihamisha kete moja, nyota moja haihesabiwi. Haikupotea siniani, ilipotea kwenye hesabu.

Dada_wa_Kondele
Mwanabao, mlinzi mdogo aliona kwa macho, hakuhesabu kete. Soma sura ya 9 tena.

Mwanabao
Nimeisoma. Imeandikwa "akahesabu". Haikuandikwa alihesabu kwa kutumia kitu gani.

Shangazi_wa_Njoro
Watoto wangu, mbona hakuna anayewashuku walinzi? Jumba kama hilo halikai bila mfalme. Anayelipa ndiye anayetaka nyota ziseme vizuri. Istanbul walijenga jumba la falaki kwa ajili ya mnajimu Taqi al-Din mwaka 1577, na 1580 likabomolewa kwa amri ya sultani yuleyule aliyeliruhusu. Samarkand, Ulugh Beg alikuwa mtawala na mnajimu kwa pamoja, akajenga kipimo cha mawe chenye nusukipenyo cha mita 40 hivi, nusu yake kimezikwa ardhini. Aliuawa 1449 na jumba lake likaharibika. Kilichobaki kilikuja kufukuliwa 1908.

Sasa niambieni. Mlinzi Mkuu wa Sirimbi akijua kwamba nyota kufa ni habari mbaya kwa mfalme, hatafunika kitu? Na akitaka mfalme aogope, hatafunika kitu? Kipande cha obsidiani chenye ukubwa wa kucha kikiwekwa chini ya maji hakionekani juu ya obsidiani. Kinatosha kuvunja mwanga wa nyota moja. Usiku wa masika mvua ilikisukuma, alfajiri akakirudisha. Ndiyo maana ilitoweka ghafla, na zile tano hazikuguswa.

Ukingoni
Shangazi, umenitia baridi mwilini. Mlinzi Mkuu nimemwandika kama mtu mwema tangu sura ya 1.

Shangazi_wa_Njoro
Watu wema ndio hufunika.

Binti_Bunyore
Naheshimu yote yaliyosemwa, hasa ya Shangazi. Lakini mmeifanya nyota kuwa kitu. Kwetu Vihiga, wazee wa Nganyi wa kuleta mvua wanajulikana hadi idara ya hali ya hewa ikakaa nao kulinganisha utabiri. Hawaanzi na wingu. Wanatazama mti gani umechipua, wadudu wamehamia wapi, ndege gani amefika. Kila kiumbe kina safari yake na safari hiyo ndiyo habari.

Kilimia nacho kina safari. Wahenga walisema: Kilimia kikizama kwa jua huzuka kwa mvua, kikizama kwa mvua huzuka kwa jua. Ukingoni, nyota yako ya sita haikufa na haikufunikwa. Imetumwa. Imeondoka Novemba kwenda kutafuta mvua, na usiku wa kwanza wa masika imekuja kutoa taarifa, ikakabidhi, ikarudi kazini. Wenzake watano wamebaki kulinda nyumba. Sinia linaonyesha yaliyo leo, na leo hayupo nyumbani. Anga inaonyesha ya zamani, kabla hajatumwa. Sheria zako zote zimesimama, hakuna hata moja iliyovunjika.

Jiwe_la_Ilesi
Hii nimeipenda.

Mwalimu_Maseno
Nzuri, Binti, lakini mwanga wa Kilimia ni wa miaka 440. Nyota ikiondoka kila Novemba na kurudi kila masika, basi miaka 440 iliyopita nayo ilikuwa ikiondoka na kurudi, na sisi angani tungeiona inaondoka na kurudi. Angani haijawahi kuondoka.

Binti_Bunyore
Mwalimu, inawezekana ndiyo mara ya kwanza kutumwa. Ndiyo maana inatisha.

Kijana_wa_Free_Area
Wakuu, Kilimia ni nyota saba, si sita. Hata hivyo, falaki si ya kubuni kwetu, Kenya tulirusha setilaiti ya Uhuru kutoka Nairobi.

Mwalimu_Maseno
Kijana, macho mengi huona sita, yenye nguvu huona saba au zaidi, na kundi lote lina nyota zaidi ya 1,000. Uhuru ilirushwa tarehe 12 Desemba 1970 kutoka jukwaa la San Marco, baharini karibu na Malindi. Ilikuwa ya Wamarekani, na ndiyo setilaiti ya kwanza iliyojengwa mahsusi kwa kuchunguza miali ya eksirei angani. Jina ilipewa kwa sababu ya siku yenyewe, sikukuu ya uhuru wa Kenya.

Kijana_wa_Free_Area
Shukrani mwalimu. Nimeishi nchi hii maisha yangu yote sijawahi kuambiwa.

Mchimba_Mvuke
Naingia kwa upande wa kazi yangu. Kreta ya Ukingoni inafanana mno na Menengai, na Menengai haijalala. Setilaiti za rada zimepima volkano za Bonde la Ufa: kati ya 1997 na 2000 Menengai na Suswa zilishuka kwa sentimita chache, Longonot ikapanda sentimita 9 hivi kati ya 2004 na 2006, na Paka ikapanda zaidi ya hapo. Ardhi inapumua.

Jumba la mdomoni litainama, kidogo tu. Maji yatabaki sawa, hiyo ndiyo kazi ya maji, lakini sinia litaenda upande. Ukingo mmoja utazama na mwingine utabaki mkavu. Nyota inayoangukia sehemu kavu haionekani. Chini ikijaa tena, sinia linanyooka, nyota inarudi. Sihitaji mwongo wala mjumbe.

Fundi_Saa
Kiufundi hii ndiyo imara kuliko zote. Tatizo ni kasi. Ardhi hupumua kwa miezi na miaka, si kati ya saa sita na alfajiri.

Mchimba_Mvuke
Katika nchi yenye uchawi nipe usiku mmoja.

Ukingoni
Hapo ndipo nakataa. Uchawi ni wa sinia peke yake. Ardhi ya Sirimbi ni ardhi tu.

Mwalimu_Maseno
Kuna jambo limenisumbua tangu asubuhi na nimelipiga hesabu. Mwanzo wa Aprili, Kilimia huzama kama saa tatu na nusu usiku. Saa sita kimeshapita upeo wa macho, kiko chini kabisa upande wa kaskazini magharibi. Novemba ndipo saa sita usiku huwa juu. Kwa hiyo katika sura ya 14, mlinzi aliinama siniani akaona Kilimia wakati Kilimia kiko chini ya ardhi.

Dada_wa_Kondele
Ngojeni. Ngojeni kwanza. Basi sinia si kioo. Ni tundu!

Usiku ule hakuwa anaona nyota iliyorudishwa na maji. Alikuwa anatazama chini, kupitia mwamba, kupitia dunia, hadi upande wa pili ambako Kilimia kilikuwa. Ndiyo maana asilimia 2 ya Fundi haina kazi hapo. Na ndiyo maana nyota moja inaweza kuzibwa na zingine zisizibwe: kuna kitu chini ya kreta kinachosogea. Moto wa volkano, au kitu kilicho hai. Usiku wa masika kilisogea kando. Alfajiri kikarudi mahali pake.

Mchimba_Mvuke
Nimesimama nikapiga makofi peke yangu kazini.

Jiwe_la_Ilesi
Watu wa Nakuru si wanasema mvuke wa Menengai ni roho za wapiganaji wa Kimaasai waliotupwa ndani ya kreta? Kitu kilicho hai kinatosha kabisa. Na wengi, si kimoja.

Mwalimu_Maseno
Dada, umepanda juu haraka, nikurudishe kidogo. Ikiwa ni tundu, sura ya 9 inaanguka. Novemba saa sita usiku Kilimia kiko juu ya kichwa chake. Akitazama chini kupitia dunia hawezi kukiona hata nyota moja. Na aliona tano.

Shangazi_wa_Njoro
Kioo Novemba, tundu Aprili. Au mtu alibadilisha sinia. Mimi bado namtazama Mlinzi Mkuu.

Binti_Bunyore
Au sinia linafuata Kilimia popote kilipo, juu au chini, kwa sababu linamjali aliyetumwa.

Fundi_Saa
Ukingoni, swali la moja kwa moja. Sura ya 9, mlinzi mdogo alisimama upande gani wa sinia?

Ukingoni
Kaskazini. Imeandikwa wazi: alisimama upande wa kaskazini, upepo wa kreta ukimpiga mgongoni, ziwa likiwa mbele yake chini.

Fundi_Saa
Basi kwa kioo hangeweza. Kilimia kinaegemea kaskazini, mwanga wake unarudi kusini. Jana ningesimama kaskazini mwa karai ningeona kivuli changu na nyota za kusini tu. Kioo hakifai Novemba, na tundu, kama Mwalimu alivyosema, halifai Novemba. Sasa zile tano alizohesabu ni nyota gani?

Dada_wa_Kondele
Mungu wangu.

Mvuvi_wa_Dunga
Mimi nazijua. Alitazama kusini, chini, kuelekea ziwani. Kama sinia ni tundu, ameona taa za omena. Mitumbwi mitano imekaa karibu karibu, kila mmoja na taa yake juu ya maji. Kutoka mlimani huwezi kutofautisha na nyota, nimetazama kutoka vilima vya juu ya Kisumu mara nyingi. Hakuwahi kuona Kilimia usiku ule. Usiku wa masika ndipo alipokiona kwa mara ya kwanza.

Ukingoni
Mzee, wavuvi wa Sirimbi hawatoki usiku. Wanaogopa jumba.

Mvuvi_wa_Dunga
Usiku wa giza omena wanakuja kwenye taa, na mwenye watoto anatoka, aogope asiogope. Mwezi ukiwa mpevu ndipo tunalala. Niambie, usiku ule wa Novemba mwezi ulikuwa na siku ngapi?